Kiraka Kwenye Panga la Helikopta

Aline mwanangu,

Uko kwa Papa Selemani mchomeleaji unafunga makasha, nami nimebaki nyumbani na mashine yangu ya kushona na sketi ya mtu ambayo haitakwisha leo. Kutoka hapa nasikia nyundo. Labda ni zenu, labda ni za mtu mwingine, mtaa huu wa Nyamianda haukosi mtu wa kugonga kitu. Lakini kila ikigonga, moyo wangu unaitikia. Nimechukua lile daftari ninaloandikia vipimo vya wateja, nimeligeuza nyuma kwenye kurasa safi. Ukikuta mahali pameandikwa kiuno na kifua, ruka, si vyako.

Sitakuandikia habari ya chakula cha melini, wala sweta, wala wanaume wa Kalemie unakokwenda. Hayo nimeyasema tangu Jumatatu mpaka ukaanza kunijibu kabla sijamaliza. Acha niandike kile ambacho sijasema. Kiko kimoja, kinahusu helikopta yako, na ni lazima ukijue leo, kabla kasha la mwisho halijapigwa misumari. Nimekibeba tangu mvua zilizopita. Nikikwambia kwa mdomo nitalia, na nikilia utanibembeleza, na ukishaanza kunibembeleza nitakuacha uende bila kujua. Najijua. Ndiyo maana naandika, na nitakupa mkononi mwako.

Lakini nivumilie kidogo. Nikianza na hicho peke yake utaona mama yako ni mjinga, au ni mtu mbaya. Nataka uone njia niliyopitia mpaka nikafika hapo.

Unakumbuka siku uliporudi na zile karatasi? Ulikuwa na miaka kumi na sita. Ulikuwa umezipata kwenye simu, ukaenda kuzichapisha kwa yule kijana wa fotokopi, nyingi hata ukazifunga kwa utepe wa kitenge uliouokota chini ya mashine yangu. Ukazitandaza juu ya kitanda: mistari, miduara, vipimo, maneno ya Kifaransa. Helikopta ndogo ya mtu kujitengenezea nyumbani.

"Mama, tazama. Hata muntu wa kawaida anaweza kuitengeneza. Ndivyo banasema hapa."

"Muntu wa kawaida wa wapi?"

"Wa fasi yote, wa popote."

"Na minye nitakaa wapi humo?"

"Mama, iko ya muntu moya tu. Kiti ni kimoya."

"Basi hiyo ni ndege ya wachoyo."

Ulicheka mpaka ukakaa chini. Nami nilicheka. Lakini ulipotoka kwenda kuteka maji nilizirudia zile karatasi, moja moja, nikitafuta kiti cha pili kama mtu anayetafuta sindano iliyoanguka kwenye mkeka. Hakikuwapo. Hapo ndipo nilipoelewa. Anayejifunza pikipiki ana mtu nyuma yake. Anayejifunza gari ana mtu pembeni wa kuvuta breki. Hiki, siku ya kwanza kitakapoinuka, mtoto wangu atakuwa peke yake ndani, na hakuna mkono mwingine wa kushika chochote. Tangu siku hiyo naogopa, Aline. Miaka mitatu. Nashona nikiogopa, naimba kanisani nikiogopa. Nina miaka thelathini na tano na mgongo wa kikongwe, na sehemu kubwa ya huo mgongo ni woga.

Na mtu mwenye woga anafanya mambo mabaya huku akijiita mwenye upendo. Nianze na lile la kwanza. Ulipopata nafasi ya kwenda Bukavu kusoma umekanika, mimi niliumwa kifua. Ulinipikia uji, ulinikanda kwa maji ya moto, ulikaa. Nafasi ikapita, akapewa mwingine. Aline, kifua changu hakikuuma. Hakijawahi kuuma. Nilidhani ukikosa shule utasahau karatasi zako. Wewe ukazitoa chini ya godoro ukaanza kujenga uani, bila mwalimu. Kwa hiyo hata kule kujenga peke yako, ambako kumeninyima raha mpaka leo, mimi ndiye niliyekusukuma huko.

Nilikuona ulivyokwenda kwa Papa Selemani kumwomba akufundishe kuchomelea. Nilikuwa nimekufuata nyuma, sikukuambia. Nilisimama kwenye kivuli cha ukuta wake nikaomba akukatalie, na kweli alianza vizuri.

"Binti, kama unapenda moto, choma maandazi."

"Papa, maandazi hayaruki."

"Na weye utaruka?"

"Nikianguka, utasema ni soda yangu ya kuunga chuma ndiyo mbaya. Nisipoanguka, utasema minye ni mwanafunzi wako. Papa, weye utapoteza nini?"

Alicheka yule mzee mpaka akavua kofia. Akakupa kinyago chake cha kujikinga macho, kile chenye ufa. Nilirudi nyumbani na hasira juu yake, na ndani ya hasira nikiwa na fahari ambayo sikumwonyesha mtu.

Majirani nao hawakuacha. Kila nikienda sokoni: "Mama Aline, ile ndege yenu imeshataga?" Nami najibu, "Bado inatafuta fasi ya kuatamia." Nilijibu kwa mzaha kwa sababu nilitaka iwe mzaha. Nilingoja uchoke. Hukuchoka. Chuma kikaungana na chuma, moteri ikaja vipande vipande, mkia ukarefuka mpaka tukaondoa kamba ya kuanikia nguo. Na mimi nikawa mgeni uani kwangu, nazunguka na beseni nisiguse kitu.

Sasa nikueleze jinsi nilivyofundishwa kazi, maana humo ndimo kosa lilimozaliwa.

Nilipoteremka kutoka Lemera, kijijini kwetu, nilikuwa na miaka kumi na mitano. Aliyenipokea na kunifundisha kushona aliitwa Mama Josephine, mwanamke mnene, mkali, mwenye pini mdomoni hata akisali. Alikuwa na neno moja alilolirudia kila siku: "Fundi si yule asiyekosea. Fundi ni yule ambaye kosa lake halionekani." Alitufundisha kuficha. Ukikata fupi, ongeza pindo la rangi nyingine, sema ndiyo fasheni. Mkono ukipinda, weka mkunjo. Kwenye kitambaa kuna mahali pengi pa kuficha, Aline, ndani ya kila nguo nzuri kuna aibu ya fundi.

Mara ya kwanza niliyokosea sana ilikuwa gauni la arusi. Pasi ya makaa ilinitoka, ikala tundu la ukubwa wa kidole gumba, mbele, tumboni pa bibi arusi wa watu. Kisha nikashona ua la lesi juu yake, na mengine mawili pembeni ili lile la kwanza lisionekane liko peke yake. Bibi arusi alilia kwa furaha. Mabinti wengine wakaja kuomba maua yaleyale. Mama Josephine akanipiga begani, "Sasa weye ni fundi." Unaona? Nilijifunza somo baya nikiwa na furaha, na somo la namna hiyo halitoki.

Mwaka uliofuata nikakuficha wewe.

Hili unalijua nusu. Unajua nilikuzaa nikiwa na miaka kumi na sita, unajua baba yako alirudi kwao Makobola na hakuuliza. Usilolijua ni kwamba hakuna aliyejua mimba. Nilikuwa fundi. Kila wiki mbili nilifumua mshono wa kiuno, nikaachia kidogo, nikapanga marinda mbele. Nilipopanda Lemera kwa likizo, koko yako, mama yangu mimi, alinitazama akasema nimenenepa kwa chakula cha mjini. Nikacheka naye. Miezi saba nilishona uongo na kuuvaa.

Uchungu ulinikamata kwenye njia ya miguu, nikitoka shambani na mzigo wa mihogo, mbali na kila kitu. Koko yako alikuwa mbele yangu. Aligeuka, akaniona nimeshika mti, akaelewa vyote kwa mara moja. Hakunipiga. Alipiga kelele, watu wakaja, wakafunga machela ya mianzi, wakanibeba mlima na bonde mpaka hospitali. Njia nzima alikuwa akikimbia pembeni yangu, akisema neno lilelile: "Ungeniambia! Ningekuteremsha mapema, mutoto we! Ungeniambia tu!" Ulitoka wa bluu. Walikupiga mgongoni muda ambao mpaka leo siwezi kuupima. Kisha ukalia.

Ungefikiri baada ya hapo niliacha kuficha. Sikuacha. Niliona tu kwamba umelia, basi mambo yamekwisha salama.

Sasa nifike kwenye panga.

Mapanga ni mawili, yale marefu ya juu yanayozunguka. Wewe unayajua kuliko mimi, lakini niyaandike kama nilivyoyaelewa, ili uone niliposhindwa kuelewa. Ndani ni mbao, ulizochagua mwenyewe kwa fundi mitumbwi wa Makobola, ukigonga kila moja kwa kidole na kuitegea sikio mpaka yule mzee akauliza kama unanunua mbao au ngoma. Juu ya mbao kinakuja kile kitambaa cheupe cha nyuzi za kioo, kinaloweshwa kwa kole, ile gundi ya kuchanganya vikopo viwili, kikikauka kinakuwa kigumu kama mfupa. Ulikingoja miezi minne kipite Bujumbura. Kilipofika ulinipa mimi.

"Hii ni kazi yako, Mama. Minye mikono yangu ni ya chuma."

Hujui nilivyofurahi. Muda wote ule nilikuwa nazunguka na beseni, na sasa nilikuwa na mahali pangu ndani ya kazi yako. Nilinawa mikono kama ninayekwenda kukanda unga wa karamu.

Kwenye plani palikuwa na sentensi uliyoipigia mstari mwekundu. Ulinisomea mara mbili: kitambaa kiwe kipande kimoja, toka shina la panga mpaka ncha yake, bila kuungwa popote. Nikasema nimesikia. Na kile cha kwanza nilikikata vizuri. Cha pili nilikikata kama kitenge. Sisi tunaoshona vitenge hatukunjui nguo yote tukipima. Tunafuata mkunjo, mkono unajua wenyewe ni mara ngapi. Kile kitambaa kwa upande wa mwisho kilikuwa na mkunjo mfupi kuliko mingine, na sikukikunjua. Kikapungua kiganja kimoja na nusu. Sikuona. Nilikizungushia kijiti, nikakiweka juu ya kabati, nikajisifu.

Asubuhi ya kulibandika panga la pili uliamka na malaria. Nilikwambia tungoje. Ulikataa, ukachanganya kole mwenyewe huku unatetemeka, ukiitazama saa. Halafu ukashindwa kusimama. Nilikulaza mkekani ndani.

"Mama, malizia. Kole haingoji."

Nilianza nchani. Nilikitandaza, nikakilowesha kwa brashi, nikayasukuma mapovu kama ulivyonionyesha. Kikaisha kabla panga halijaisha. Pale shinani, mahali panapokamatwa na vile vyuma vyako, mbao ilibaki wazi. Nilisimama. Kopo lilikuwa linapata joto mkononi mwangu, unajua linavyofanya kole ikianza kukaza. Kitambaa kingine hakikuwapo isipokuwa vipande vilivyobaki. Nawe ukaita kutoka ndani, sauti kama ya mtoto:

"Imeshika, Mama?"

Nikasema, "Imeshika."

Nilichukua kipande, nikakiunga pale, nikakilaza juu ya kingine kwa upana wa vidole viwili, kama ninavyoweka kiraka kwenye suruali ya mwanafunzi. Kilipokauka nilikisugua kwa msasa mpaka kidole changu mwenyewe hakikuujua ukingo. Ulipopona ulipaka rangi ya manjano. Ulipitisha mkono toka ncha mpaka shina ukasema, "Mama, weye ni fundi." Neno lilelile.

Ulipoyapima mapanga, la pili lilizidi uzito kidogo. Ukakuna kichwa, ukasema labda mbao zake zilinywa maji zaidi. Ukaliongezea lile la kwanza kipande kidogo cha madini ya risasi mpaka yakalingana. Nilikuwa nimesimama pale na bakuli la viazi. Nilikutazama ukilibebesha panga zuri mzigo ili lilingane na panga baya, na nikakuuliza kama unataka chumvi.

Mwanzoni sikulala vibaya. Nilijiambia ni kitambaa tu, rangi imefunika, nani atajua. Halafu ikaja siku ya kuwasha moteri kwa Papa Selemani, helikopta imefungwa kamba nne kwenye nguzo ili isiinuke. Unakumbuka ule upepo! Mashuka ya jirani yetu Mama Chantal yakaenda mpaka barabarani, kuku wakapotea siku mbili, watoto wakalala kifudifudi wakicheka. Panga lilishika. Ulipozima, uso wako ulikuwa vumbi tupu na meno. Nikasema moyoni, basi, limeshika, nimesamehewa.

Ndipo Papa Selemani akakuuliza, "Sasa hivi vitu yulu, haya mapanga, vinavuta kwa nguvu gani?"

Nawe ukamjibu, ukijifuta jasho, "Papa, kila panga likizunguka linataka kutoka. Ni kama umelifunga kamio, lori nzima iliyojaa mihogo, kwenye ncha, na kamio inataka kuondoka. Kinacholishika ni pale shinani tu."

Pale shinani tu. Nilikuwa nimeshika jagi la maji. Nililiweka chini polepole ili lisianguke.

Tangu siku hiyo nimeamka kila asubuhi nikiwa tayari kukwambia, na kila jioni nimepata sababu ya kunyamaza. Nilijiambia utanidharau. Nilijiambia labda hutafika kuruka, labda moteri itakufa yenyewe. Nilipofikiri kwamba nikisema utabaki, nilifurahi, na ile furaha ikanitisha kuliko kiraka. Kisha ukapata jibu la mzee mmoja uliyemwandikia, fundi wa ndege wa Kalemie, kwamba anakupokea uje na mashine yako, na kwamba kabla kiangazi hakijakwisha utainuka kwa urefu wa goti. Nikaanza: ngoja kwanza, ziwa lina mawimbi, mzee mwenyewe hatumjui. Ukanitazama bila hasira.

"Mama, kwako kila mara iko sababu."

Ilikuwa kweli. Nilikuwa nimekuletea sababu za uongo nyingi hata ile ya kweli ilipofika ikakosa pa kukaa. Nani angeamini? Kifua, mawimbi, sasa kiraka. Mimi mwenyewe nisingeamini.

Kilichonivunja ni mkono wako. Juzi ulipokuwa unafua ulikunja mikono ya blauzi, nikaona kovu la moto, bichi, refu kama kijiko. Umelificha kwa wiki ngapi? Nikauliza. Ukashusha mkono wa blauzi, ukasema, "Si kitu, Mama," na ukaendelea kufua. Aline, naijua sauti hiyo. Ni yangu. Ndiyo niliyomjibia koko yako aliponiuliza nina nini kwenye njia ya Lemera dakika kumi kabla ya kushika mti. Nilidhani nimekufundisha kushona vifungo tu. Kumbe na hili nimekufundisha, na hili linaogopesha kuliko kole, kwa sababu kiraka kiko mahali pamoja, lakini mtu anayeficha anakwenda na kuficha kwake kila anakokwenda, na katika kiti kimoja hakuna wa kumwona.

Basi sikiliza nilichofanya leo. Ulipotoka tu, nilimwita Mama Chantal tukateremsha panga la pili kutoka kwenye mbao za dari, lilikokuwa likingoja kasha la mwisho. Yeye akarudi kwake. Nimekaa nalo sakafuni kwa wembe na msasa, nikakwangua rangi yako pale shinani, juu na chini, mpaka mshono ukatokea. Upo. Unaonekana kama mstari mweupe kuliko pengine, upana wa vidole viwili, na ukingo wake mmoja umeanza kuwa na nywele ndogo, nyuzi zilizoinuka. Sijui kama hizo nywele zilikuwapo tangu mwanzo au zilikuja siku ile ya moteri. Wewe utajua. Nimelikwangua ili usilazimike kuniamini mimi. Liamini jicho lako.

Sasa maneno machache, halafu ninyamaze.

Sikwambii ubaki. Meli inaondoka bandarini Kalundu kesho na utaipanda. Nimekuzuia mara moja na ona kilichotokea. Nenda na helikopta yako, nenda na panga zuri, na hili baya pia nenda nalo, kwa sababu yule mzee ni lazima alione. Mwonyeshe hili kwanza, kabla hujamwonyesha kazi nzuri. Usiseme tulikosea. Sema mama yangu ndiye aliyekosea, tena akaficha, niambie la kufanya. Akisema kitambaa kivuliwe kibandikwe upya, kivuliwe. Akisema lichongwe jipya, chonga jipya. Najua kitambaa kitachukua tena miezi. Najua kiangazi kitapita na hutainuka hata kwa urefu wa goti. Nimekuibia kiangazi kizima na sina cha kukurudishia.

Na kila ukimaliza kipande, mtafute mtu asiyekupenda sana akikague. Usimpe anayekupenda. Anayekupenda atakuona unatetemeka mkekani, atasema imeshika.

Kitu kimoja nakukataza, na hapa sisemi kama rafiki wa kucheka naye, nasema kama mama yako: usiwashe moteri na panga hili. Wala kwa kamba nne, wala kwa kujaribu kidogo. Ukitaka kunikasirikia, kasirika. Hasira yako ipakie pamoja na vyombo, melini haitachukua nafasi. Ukitaka kukaa mwezi usiniandikie, kaa. Mimi nitahesabu huo mwezi kuwa ni wa kwanza ambao nimekuwa mwaminifu kwako, na nitauvumilia.

Sijui kama bado utaniita fundi. Sihitaji. Nilikupenda ukiwa wa bluu, kabla hujalia, kabla sijajua kama utakuwa mtu. Nakupenda hivyohivyo sasa. Ila upendo huo ulinifanya nikudanganye mara mbili, kwa hiyo usiutegemee kukushika hewani. Tegemea mbao iliyo nzima.

Nasikia nyundo zimeanza tena, na sasa zinagonga kwa haraka, kama mtu aliyefika mwisho wa kazi. Nimeshakunja ngata. Panga nitalibeba kichwani, upande uliokwanguliwa mbele, nawe utauona kabla hujauona uso wangu. Ni refu, nitapita polepole kwenye kona, na watu watauliza, na leo nitawajibu ukweli. Usifunge kasha la mwisho. Weka nyundo chini, Aline, nakuja.

Mama yako